Leseni yangu ya mauzo imeloa maji: je, niombe mpya?

SWALI

Mshauri wetu, salaamu nyingi.

Mimi ni mama wa miaka 58, mzaliwa wa Uvira, na niliishi miaka mingi katika kambi ya Nyarugusu mkoani Kigoma kabla ya kuletwa hapa Colorado. Nina duka dogo mjini Aurora ambamo nauza vitenge, mashuka, mafuta ya mawese, dagaa na unga wa muhogo. Nilisajili kampuni mwaka 2021, na tangu hapo leseni ya kodi ya mauzo niliyopewa na jimbo imekuwa ukutani nyuma ya kaunta, ndani ya fremu, kando ya kalenda. Mpwa wangu ndiye aliyekuwa akitoa ya zamani na kuweka nyingine kila ilipohitajika.

Wiki mbili zilizopita, mwanzoni mwa Februari, bomba la chumba cha juu lilipasuka usiku. Nilipofungua duka asubuhi nilikuta maji yamejipenyeza ndani ya fremu na karatasi imegandamana na kioo. Nilijaribu kuibandua ikachanika vipande viwili. Nikavianika juu ya hita, vikakauka, lakini wino ulikuwa umekwisha kusambaa: katika namba ya leseni nasoma tarakimu tano za mwanzo tu, na tarehe ya kuisha haionekani hata kidogo.

Sasa mfanyabiashara wa jumla anayeniuzia vitenge anapanga upya mafaili ya wateja wake, na ametaka nakala ya leseni iliyo hai kabla ya mwisho wa mwezi. Nikikosa, mzigo ujao atanitoza kodi kama mteja wa kawaida. Shughuli zote za mtandaoni alizifanya huyo mpwa wangu, mtoto wa dada yangu, ambaye amehamia Texas. Nikimpigia ananiambia namba ya simu aliyoitumia kufungulia akaunti ameshaiacha, na neno la siri halikumbuki.

Kuna bwana mmoja tunayesali naye, ambaye huwasaidia watu kujaza fomu. Anasema nikimpa dola 150 atanipatia leseni mpya kabisa bila kusumbuka na ya zamani. Binti yangu hataki. Yeye anasema nianze kwa polisi nikachukue ripoti ya upotevu, kama tulivyozoea Kigoma. Nami nafikiria kuhamia chumba cha upande wa pili wa barabara mwezi wa 6, ambacho hakina mtu juu yake, hivyo najiuliza kama inafaa kuhangaikia karatasi ya mahali ninapopaacha. Naomba uniambie kipi kianze.

Mama Vitenge, Aurora

JIBU

Shikamoo mama, na pole kwa mkasa wa bomba. Naomba nianze na bwana wa dola 150, kwa sababu mengine yote yanaweza kusubiri siku mbili tatu, ila hilo likishafanyika litakugharimu miezi kulifumua.

Kilichoharibika ni karatasi. Leseni yenyewe ni kumbukumbu iliyomo katika Idara ya Mapato ya Jimbo la Colorado, chini ya jina la kampuni yako na namba yake ya akaunti, na maji ya chumba cha juu hayakuifikia. Kwa hiyo unachohitaji ni nakala. Anachokuuzia huyo bwana ni kitu kingine kabisa: anakusudia kujaza maombi kama vile hujawahi kufanya biashara, ili Idara ikufungulie akaunti ya pili. Simwiti tapeli, maana huenda anaamini kwa dhati kwamba anakusaidia, lakini tazama hesabu yake. Anayeanza biashara ya rejareja hulipa amana ya dola 50, ambayo hurudishwa akishawasilisha dola 50 za kodi ya mauzo ya jimbo, na juu yake ada ya leseni ya dola 16 kwa kipindi cha miaka miwili, ambayo hupungua kadiri kipindi kinavyozidi kusogea. Kwa Februari ya mwaka huu jumla ni dola 66. Dola 84 zinazobaki ni za kwake, na hata hizo 66 unalipia jambo ambalo ulikwisha kulilipia mwaka 2021.

Fedha hizo, hata hivyo, ndizo sehemu ndogo ya hasara. Leseni hii haifanani na leseni ya biashara ya halmashauri uliyoizoea Kigoma, ambayo ni ruhusa ya kufungua duka. Leseni ya kodi ya mauzo inakufanya wewe kuwa mkusanyaji wa kodi kwa niaba ya jimbo: mteja akinunua kitenge, ile asilimia 2.9 ya jimbo unayoiongeza juu ya bei si mali yako hata dakika moja, umeshikishwa tu. Ndiyo maana kila akaunti hudaiwa ritani zake, yaani fomu za kutaja mauzo na kodi uliyokusanya, iwe ulifanya mauzo au hukufanya. Ukiwa na akaunti mbili kwa duka moja utaripoti mauzo kwenye moja, na ile nyingine Idara itaiona kama mfanyabiashara aliyenyamaza. Zitaanza kuja barua za kukukumbusha, kisha barua za makadirio ya kodi ambayo hukuikusanya, na utajikuta mezani kwa ofisa ukieleza kwamba maduka mawili ni moja. Niliwahi kukaa pembeni nikimtafsiria mtu aliyekuwa katika hali hiyo hiyo. Ofisa alimwelewa, lakini ilimbidi kwanza afungue mfuko wa bahasha ambazo hakuwa amezichana hata moja, kwa sababu alidhani zote ni matangazo.

Kwa hiyo mshukuru huyo ndugu kwa moyo wake, na usimpe namba yoyote ya kampuni.

Jambo la pili, na hili ndilo linalonipa wasiwasi kuliko karatasi kuloa: hujui kama leseni yako ni hai. Leseni za kodi ya mauzo za Colorado huisha zote kwa pamoja, tarehe 31 Desemba ya kila mwaka usiogawanyika kwa mbili, haidhuru ulianza biashara lini. Kipindi kilichopita kiliisha 31 Desemba 2025. Kama mpwa wako alihama bila kulipia kipindi kipya, karatasi iliyoloa ilikuwa imeshapitwa na wakati kabla bomba halijapasuka, na nakala yake haitakusaidia lolote kwa muuza vitenge, kwani anachohitaji yeye ni uthibitisho kwamba alikuuzia bila kodi mtu mwenye haki ya kuuza tena bidhaa. Ikiwa ndivyo, kinachoanza ni kuihuisha leseni kwa ile ada ya dola 16, na kuuliza ofisa wakati huo huo kama kuna jambo la kurekebisha kwa wiki ulizouza bila leseni hai. Nakala hufuata baada ya hapo. Usije ukaomba nakala kabla hujajua jibu la swali hili.

Jibu lenyewe linapatikana hata kwa mtu asiye na neno la siri, mradi ana namba ya leseni. Tovuti ya Idara inayoitwa Revenue Online ina sehemu ya wazi ya kuhakiki leseni, ambayo mtu yeyote anaweza kuitumia bila kuingia kwenye akaunti. Namba ya akaunti ya Colorado ina tarakimu nane, na baada ya kistari huongezwa nyingine nne zinazoonyesha mahali pa biashara. Wewe unazo tano tu kwenye kipande kilichokauka, lakini namba hiyo imeandikwa pia mahali pengine pengi. Fungua droo unamotupa karatasi za duka. Tafuta nakala ya ritani yoyote ya kodi ya mauzo uliyowahi kutuma, ile fomu inayoitwa DR 0100, au barua yoyote iliyotoka Idara ya Mapato. Kama muuza vitenge alichukua nakala ya leseni ulipoanza kununua kwake, muombe akupigie picha ya hiyo aliyonayo. Kwa kuwa anataka mpya, ya zamani iko kwenye faili lake. Sitashangaa kama hiyo ndiyo itakuwa njia fupi kuliko zote.

Ukishapata namba na kuona kwamba leseni ni hai, mpigie huyo mfanyabiashara siku hiyo hiyo, umweleze kilichotokea na umpe namba ili naye aihakiki mwenyewe. Wauzaji wengi wa jumla huridhika kwa muda wanapoona jina la kampuni likitokea kwenye tovuti ya serikali, na hivyo unaweza kupata pumzi hadi karatasi ifike. Akikataa ni haki yake, kwa sababu akikaguliwa yeye ndiye atakayeulizwa.

Sasa suala la kuingia kwenye akaunti. Jina la mtumiaji alilolifungua mpwa wako ni lake, ila akaunti ya kodi ni ya kampuni, na kampuni ni yako. Huna haja ya kumfukuzia Texas kwa ajili ya simu iliyokwisha kutupwa. Unaweza kujifungulia njia yako mwenyewe ya kuingia, kwa barua pepe yako na namba ya simu iliyo mkononi mwako, kisha uiunganishe na kampuni. Mfumo utataka uthibitisho kwamba wewe ndiwe mwenyewe, kwa hiyo kabla hujakaa mbele ya kompyuta weka mezani namba ya kodi ya kampuni uliyopewa na IRS, mamlaka ya kodi ya serikali kuu ya Marekani, ile ya tarakimu tisa. Namba ya akaunti ya Colorado. Na barua ya karibuni kutoka Idara, kwa sababu kila barua yao ina namba yake ya utambulisho inayoweza kutumika kama ushahidi kwamba wewe ndiwe uliyeandikiwa. Kiasi ulichokiandika kwenye ritani ya karibuni pia huweza kuulizwa. Ukishaingia, nenda kwenye akaunti ya kodi ya mauzo, utafute shughuli zinazohusu leseni, na huko ndiko nakala inakoombwa. Wakati huo huo kagua anwani ya posta iliyoandikwa. Kama mpwa wako aliweka anwani ya nyumba aliyokuwa akiishi, basi huenda barua zako zote, pamoja na taarifa ya kuhuisha leseni, zinapokelewa na mpangaji mgeni.

Binti yako anaweza kukaa nawe kwenye kompyuta, na ningependa iwe hivyo, lakini barua pepe iwe yako na simu inayopokea namba za siri iwe yako. Ukihitaji mtu wa kukufanyia ritani, ipo njia ya kumpa ruhusa yake mwenyewe ndani ya mfumo, ambayo unaweza kuiondoa siku yoyote. Kukabidhi neno la siri ndiko kulikokufikisha hapa, ingawa mpwa wako hakuwa na nia mbaya.

Ikishindikana mtandaoni, nenda ana kwa ana. Idara ina kituo cha huduma kwa walipa kodi Lakewood, katika mtaa wa Pierce, upande wa magharibi wa Denver. Ni mwendo kutoka Aurora, kwa hiyo panga miadi kwanza usije ukafunga duka bure. Chukua kitambulisho chako, hati ya usajili wa kampuni inayoonyesha jina lako, barua ya IRS yenye namba ya kampuni, na vile vipande viwili vilivyokauka. Hakuna sheria inayodai vipande, lakini ofisa akivitazama ataelewa habari nzima kabla hujamaliza sentensi ya kwanza, na kwa mtu anayejieleza kwa lugha ya tatu au ya nne hilo si jambo dogo.

Kuhusu polisi, mwambie binti yako kwamba amewaza kama mtu aliyelelewa vizuri katika utaratibu wa Tanzania, ambako ukipoteza cheti ofisi ya kwanza kukuuliza itataka ripoti ya upotevu. Hapa kwa leseni hii huhitaji kupita huko. Ripoti utakayoihitaji ni ile ya hasara ya maji, na hiyo ni ya mwenye jengo na kampuni ya bima. Kama mashuka na vitenge vililoa, picha na risiti zake ziweke mahali pamoja.

Kuna karatasi nyingine ambayo hukuitaja, nami nashuku ilikuwa kwenye ukuta huo huo au ndani ya droo iliyoloa. Aurora ni mojawapo ya miji ya Colorado inayojiendeshea kodi yake ya mauzo yenyewe, kama ilivyo Denver, na leseni ya jimbo haichukui nafasi ya leseni ya mji. Unapaswa kuwa nazo zote mbili, kila moja na namba yake na mlango wake. Idara ya Mapato haitakupa nakala ya leseni ya Aurora hata ukiwasihi, na ofisi ya kodi ya mji haitakupa ya jimbo. Mara nyingi mtu husimama kwenye foleni ya upande mmoja akitafuta karatasi ya upande wa pili, akarudi nyumbani akisema amezungushwa. Hali kadhalika cheti unachoweza kukipata kwa Katibu wa Jimbo, ofisi inayosajili kampuni, kinachoonyesha kwamba kampuni yako iko katika hali nzuri, si leseni ya mauzo na muuza vitenge hatakikubali. Na ukipokea barua yenye nembo ya tai na maandishi mazito ikikutaka ulipe ili utumiwe cheti hicho, soma mstari wa chini kabisa kwa miwani, maana aghalabu mtumaji ni kampuni binafsi.

Juu ya kuhama, usiseme karatasi ya mahali unapopaacha haina kazi. Sheria ya Colorado inataka leseni ibandikwe mahali panapoonekana wazi kwenye sehemu ya biashara iliyotolewa kwa ajili yake, na hadi mwezi wa 6 bado wewe uko hapo. Utakapovuka barabara, leseni hii haitavuka nawe kwa kuihamisha tu fremu, kwa sababu imefungamana na mahali. Utaijulisha Idara mabadiliko ya mahali kupitia akaunti ile ile na kupata leseni yenye anwani mpya, na mji nao uwaambie. Akaunti inabaki moja. Fanya hivyo kabla ya siku ya kubeba mizigo.

Katika pilikapilika hizi usisahau ritani. Hukusema unawasilisha kila baada ya muda gani. Duka ambalo kodi yake ya jimbo haifiki dola 300 kwa mwezi huruhusiwa kuwasilisha kila baada ya miezi mitatu, na kama wewe ni wa kundi hilo, ritani ya Januari hadi Machi inatakiwa ifikapo 20 Aprili. Kama ulifunga duka kwa siku kadhaa kwa ajili ya maji, andika mauzo machache uliyofanya. Hata kama yangekuwa sifuri, ritani ya sifuri hutumwa. Na unapoijaza, tenganisha vitenge na mashuka kutoka kwa unga, dagaa na mawese, kwa sababu jimbo halitozi kodi yake ya mauzo kwenye chakula cha kwenda kupikwa nyumbani, na nimeona maduka kama lako yakilipa kodi ya muhogo kwa miaka bila kuulizwa.

Nakala ikifika, ichapishe mara tatu: moja mpelekee muuza vitenge, moja iweke nyumbani, si dukani, na ya tatu iingie kwenye fremu nyuma ya kaunta, ukuta wa upande wa pili, mbali na lile bomba.